Anaanguka, kisha "ruhani" anadai mbuzi: tumsomee, tumpunge au tumpeleke hospitali?

SWALI: Assalaam alaykum ustadh. Tuko Tanga. Mdogo wangu wa kike ana miaka 19 na yapata mwaka sasa anaanguka. Mara nyingine ni usiku, yumo usingizini: anakakamaa, anatupa mikono, na asubuhi tunakuta ulimi umeng'atwa na godoro limelowa. Mara nyingine ni mchana mbele za watu, hasa tangu ianze habari ya posa: anafumba macho, anatetemeka hata nusu saa, kisha anasema kwa sauti nzito kwamba yeye ni ruhani kutoka Arabuni, anataka kanzu nyeupe, marashi na mbuzi mweupe. Shangazi ameshapata fundi wa kumpunga pepo kwa ngoma. Mama anataka kisomo tu. Mimi naona hospitali. Uislamu unasemaje, na tuanze na lipi?

JIBU: Waalaykum salaam warahmatullahi wabarakatuh. Isome tena barua yako, ndugu yangu. Umeeleza mambo mawili ukayapa jina moja. Kuna anguko la usiku: mwili unakakamaa, ulimi unang'atwa, mkojo unatoka. Na kuna anguko la mchana: macho yamefumbwa, mtetemeko wa muda mrefu, sauti nyingine, madai. Hayafanani, na huenda hayana chanzo kimoja. Nyumba nyingi hupotelea hapa hapa, kwa sababu anguko la mchana linasema na la usiku ni bubu. Basi msemaji ndiye anayesikilizwa, akajieleza yeye na kumwelezea mwenzake pia.

Majini wapo. Kwa Muislamu hilo si la kuchagua, maana Qur'ani ina sura nzima juu yao, ya 72. Wameumbwa kwa ulimi wa moto (55:15), wamo wema na wasio wema (72:11), na wanatakiwa kumuabudu Mola wao kama sisi (51:56). Lakini ghaibu hawaijui. Nabii Sulaiman alipofariki akiwa ameegemea fimbo yake, majini waliendelea na kazi ngumu bila habari, mpaka mdudu wa ardhini alipoitafuna fimbo na mwili ukaanguka (34:14). Aya hiyo iwekeni karibu, mtaihitaji siku "ruhani" atakapoanza kuwatajieni nani kamroga binti yenu.

Je, jini huingia mwilini? Wanazuoni wengi wa Ahlus Sunna wamesema ndiyo. Wanatoa dalili ya aya ya mla riba, anayesimama kama aliyepigwa na shetani kwa kumgusa (2:275), na hadithi ya Bukhari na Muslim kwamba shetani hupita ndani ya mwanadamu mapito ya damu. Imam Ahmad alipoambiwa na mwanawe Abdullah kwamba wako watu wanaokanusha hilo, alijibu kuwa hawakusema kweli. Waliokanusha ni Muutazila, kundi la kale lililotanguliza hoja za akili, kama Abu Ali al-Jubbai, ambao majini wenyewe hawakuwakataa, walikataa tu kuingia mwilini. Huna haja ya kuumaliza ubishi huo wa zaidi ya miaka elfu ndipo umhudumie mdogo wako. Hata ukishika kauli ya wengi, kusema jambo linaweza kutokea si ushahidi kwamba limetokea chumbani mwenu. Kuamini majini ni itikadi. Kusema "huyu ana jini" ni dai, na hakuna mwenye darubini ya kulithibitisha, si fundi, si shehe, si mimi.

Ibn al-Qayyim, aliyefariki mwaka 751 Hijria (1350), hakuwa mtu wa kuwachekea waamini majini. Hata hivyo katika kitabu chake Zaad al-Maad aligawa kuanguka kwa aina mbili, moja ya roho wabaya na nyingine ya maradhi ya mwili, na hii ya pili akasema ndiyo wanayoizungumzia matabibu. Kabla yake kuna lile la yule bibi mweusi aliyemwendea Mtume (s.a.w.), lililopokewa na Bukhari na Muslim. Alisema: ninaanguka, na nguo zinanifunuka, niombee. Akapewa hiari: asubiri apate Pepo, au aombewe apone. Akachagua subira, akaomba tu asifunuke, na akaombewa hivyo. Hakuulizwa jini wake ni nani wala katoka nchi gani. Na Ibn Abbas alimwonyesha mwanafunzi wake bibi huyo kama mtu wa Peponi, si kama mkosa wa kufichwa uani.

Sasa huyo mgeni wa Arabuni. Pwani yetu ina orodha yake ya pepo: ruhani anayetaka marashi, ubani na nguo nyeupe, kibuki, aliyepata jina kwa Buki, yaani Madagaska, naye hutaka brandi, pepo wa Kihabeshi, pepo wa bara. Ukiitazama vizuri, orodha hiyo ni daftari la bandari: kila taifa lililotia nanga hapa limeacha pepo wake, na kila pepo ana vyakula, mavazi na lugha ya watu wake. Qur'ani haiyajui makabila haya. Mila hii ndiyo iliyompa mgonjwa maneno ya kusema, maana msichana aliyekulia Tanga anajua tangu utotoni ruhani anavyozungumza na anachodai. Kama anasema Kiarabu, mleteni anayekijua kweli asikilize. Akisikia vipande vya madrasa na salamu, hapo hakuna lugha mpya.

Watu hujitetea kwamba ruhani ni Muislamu, anaswali, hana ubaya. Jibu la Ibn Taymiyya, mwalimu wa Ibn al-Qayyim, kwa hoja ya namna hii lilikuwa rahisi: jini akimvamia mtu amemdhulumu, na huambiwa hivyo. Uislamu wake, kama upo, haumpi ruhusa. Kuhusu mbuzi, mnyama akichinjwa kumridhisha ruhani, hapo hatubishani tena juu ya tiba. Muslim amepokea kwa Ali kwamba Allah amemlaani anayechinja kwa ajili ya asiyekuwa Allah. Na zipo ngoma ambazo mteja hunyweshwa damu ya mnyama, damu ambayo Qur'ani imeiharamisha kwa kuitaja (5:3).

Shangazi atakwambia: mbona fulani alipungwa akapona? Usimkatalie, huenda ni kweli alitulia. Abu Daud amepokea kwamba Zaynab, mke wa Ibn Mas'ud, alikuwa na jicho linalomsumbua, na kila akisomewa na Myahudi mmoja linatulia. Ibn Mas'ud akamwambia: huyo ni shetani anakuchoma kwa mkono wake, na mtu yule akisoma anaacha. Kutulia peke yake si dalili ya haki. Kwa mtazamo wa kawaida nako kutulia hakushangazi: siku tatu binti anakaa katikati ya ukumbi, watu wote wanamhudumia, hakuna wa kumkemea, na habari ya posa imewekwa pembeni. Nani asingetulia? Tatizo linakuja baadaye, maana kupungwa si matibabu yenye mwisho. Ni mkataba. Mtu huwa kiti cha pepo, chano, yaani sinia la vitu anavyodai pepo, huwa deni, na siku deni lisipolipwa, kuanguka kunarudi na lawama juu yake.

Halafu kuna jambo ambalo hata mafundi hawalijui. Ngoma ya pepo hukesha, na kukosa usingizi ni miongoni mwa vichocheo vinavyojulikana sana vya kifafa. Mkimkesha ngomani usiku mbili, msishangae akianguka vibaya zaidi usiku wa tatu, na fundi atasema pepo amekasirika. Visomo vya kukesha navyo vina kasoro hiyo hiyo.

Nakuja kwa mama, kwa sababu yeye na wewe mnagombana bure. Kisomo hakihitaji kipimo. Dawa ndiyo inayohitaji kipimo. Ruqya ni dua, na dua inamfaa mwenye jini, mwenye kifafa, mwenye huzuni na mwenye jino bovu. Hamhitaji kujua ana nini ndipo mumsomee, wala kumsomea hakuthibitishi kwamba ana jini. Anzeni leo vyote viwili.

Mpango wake ni huu. Chagueni wakati ametulia, si katikati ya anguko. Baada ya Alfajiri na baada ya Magharibi panatosha, dakika ishirini hivi. Watie udhu wote wawili, yeye na mama. Bora asome mwenyewe na mama amsaidie. Hahitaji shehe wa kutoka mbali. Wasioshika kisomo watoke chumbani, maana umati wa majirani wanaosubiri jini aseme ni nusu ya ugonjwa. Mama aweke mkono kichwani kwa binti au panapouma. Msome Al-Fatiha mara saba, kwa kufuata riwaya ya Abu Said al-Khudri aliyemsomea mkuu wa kabila aliyeumwa na nge, ambamo Tirmidhi ametaja hesabu hiyo. Kisha Ayatul Kursi (2:255), aya mbili za mwisho za Al-Baqara, na Ikhlas, Falaq na Nas mara tatu tatu. Fuatisheni dua ya Mtume (s.a.w.): Allahumma Rabban-naas, adh-hibil ba'sa, washfi Antash-Shaafi, laa shifaa'a illaa shifaa'uka, shifaa'an laa yughaadiru saqaman. Halafu mara saba: As'alullaahal-'Adhiim, Rabbal-'arshil-'adhiim, an yashfiyaki. Angalieni herufi hiyo ya mwisho: kwa mwanamme ni yashfiyaka, kwa mwanamke yashfiyaki. Mpulizie kidogo, mwisho. Akitaka, someni na kwenye glasi ya maji safi anywe.

Usiku kabla ya kulala akusanye viganja, asome zile sura tatu za mwisho, apulize na kujipangusa kichwa, uso na mwili anapofika mkono, mara tatu. Bibi Aisha amesimulia kuwa hivyo ndivyo Mtume (s.a.w.) alivyokuwa akifanya kila usiku.

Hakuna hesabu ya siku 21 wala 41 katika Sunna, mtasoma mpaka Allah alete faraja. Majani saba mabichi ya mkunazi yaliyopondwa baina ya mawe mawili na kutiwa katika maji yamepokewa kwa Wahb bin Munabbih, mtu wa baada ya Maswahaba, katika kumtibu aliyerogwa. Si hadithi ya Mtume. Akiyaoga hayana ubaya, lakini yasifanywe sharti. Kombe, kuandika aya kwa zafarani kwenye sahani na kuinywa, Imam Ahmad ameipitisha na wengine hawakuipenda. Mkiifanya, iwe Qur'ani tupu kwa zafarani ya kuliwa, si wino wa dukani. Hirizi ina ikhtilafu kama ni aya tupu, ila kwa nyingi mnazouziwa mjadala haufiki huko. Ifungueni muone. Mkikuta visanduku vya tarakimu, nyota, na majina yasiyosomeka, jibu mmelipata. Mkikuta aya, izikeni mahali safi au ichomeni kwa heshima.

Mkimwita msomaji wa nje, mtamjua kwa anachouliza. Akitaka jina la mama, nguo iliyovaliwa, unywele, au mnyama wa rangi maalumu, huyo anapiga ramli, na Muslim amepokea kuwa anayemwendea mpiga ramli akamuuliza jambo, swala yake ya siku arobaini haikubaliwi. Akitaka kubaki peke yake na binti, mtoeni. Ujira si haramu, maana Abu Said na wenzake walipewa kondoo na Mtume akawakubalia, lakini bei ya kutishia ni dalili mbaya.

Mwambieni pia asihoji. Hapa ndipo familia huvunjika. Msomaji anabana: "Wewe ni nani? Nani kakutuma?" Binti amechoka, anataka kuachwa, anataja jina lililo karibu: shangazi, jirani, mke wa kaka. Kama aliyesema ni jini, ni muongo kwa tabia. Kama ni mgonjwa, kasema ili apumue. Kwa vyovyote vile ushahidi huo hausimami mbele ya kadhi, na bado watu wameachana na kuhasimiana kwa ajili yake.

Wala asipigwe. Msikubali hoja ya kwamba fimbo inampata jini. Alama za asubuhi zitakuwa mgongoni mwa dada yako. Asikabwe shingo. Asinyweshwe maji ya chumvi kwa lita mpaka atapike, kwani chumvi nyingi kwa mkupuo huharibu damu na ubongo na imewahi kuua watu. Asifungiwe chumbani na chetezo cha mkaa, maana hewa ya mkaa haina harufu ya kuonya, na usingizi anaopata humo sio wa utulivu. Mkitaka ubani, dirisha liwe wazi.

Sasa hospitali, na kwa anguko la usiku nisingengoja wiki. Kukakamaa usingizini, kung'ata ulimi hasa pembeni, na kukojoa ni picha ya kifafa mpaka daktari aseme vingine. Shirika la Afya Duniani linakadiria kuwa kiasi cha watu milioni 50 duniani wana kifafa, na hadi asilimia 70 kati yao wangeweza kuishi bila kuanguka wakipata dawa sahihi. Usishtuke wakikuelekeza kliniki ya afya ya akili, maana katika hospitali zetu nyingi ndiko dawa za kifafa zinakotolewa. Nendeni na daftari: tarehe, saa, dakika ngapi, macho wazi au yamefumbwa, ulimi, mkojo, alichukua muda gani kuzinduka, alilala saa ngapi usiku uliotangulia, na kama yumo hedhini. Nendeni na video. Sekunde sitini za simu humfaa daktari kuliko saa nzima ya masimulizi, ila ihifadhini aibu yake: daktari tu, si kundi la ukoo. Kipimo cha umeme wa ubongo kikitoka safi, hakijafuta kifafa, kwa kuwa kinapima dakika zile tu alizolala pale.

Lile la mchana lielezeni pia bila kuona haya, pamoja na habari ya posa. Macho yaliyofumbwa kwa nguvu na mtetemeko wa nusu saa mara nyingi si kifafa. Kuna kuanguka kunakotokana na nafsi iliyobanwa, na madaktari wanakujua. Si maigizo, binti hachagui. Na mtu mmoja anaweza kuwa na vyote viwili, jambo linalowachanganya hata waganga wa hospitali. Dawa ya kifafa haitaondoa hili la pili. Linataka mazungumzo na mtaalamu, na linataka mtu wa nyumbani amuulize faraghani, bila mama mdogo kusikiliza mlangoni: hii posa unaitaka? Ridhaa yake ni haki yake kisheria. Inasikitisha binti akihitaji sauti ya mwanamme wa Arabuni ndipo nyumba imsikilize.

Akiandikiwa dawa, kosa kubwa ni kuiacha ghafla. Anakaa miezi miwili haanguki, mtu anasema kisomo kimefanya kazi, vidonge vinatupwa, na ndani ya siku chache anaanguka mfululizo bila kuzinduka. Hiyo ni hatari ya kufa, wala si jini aliyerudi kulipiza. Kwa kuwa ni msichana anayekaribia ndoa, mwulizeni daktari waziwazi kuhusu sodiamu valproeti, mojawapo ya dawa za kifafa, maana inaweza kumdhuru mtoto tumboni. Zipo dawa nyingine, ila abadilishe yeye daktari, si nyinyi. Ramadhani nayo ipangwe mapema: dozi za mara mbili kwa siku mara nyingi zinaweza kwenda na daku na futari, na ikishindikana, aya ya 2:184 imemtaja mgonjwa kwa jina.

Akianguka usiku huu: tazama saa, ondoeni vitu vigumu, mtie nguo laini chini ya kichwa, mlazeni ubavu mate yatoke. Msimtie kijiko wala kidole mdomoni, msimshike kwa nguvu, msimpe maji mpaka azinduke kabisa. Ayatul Kursi inasomeka huku umemshika bega. Zikipita dakika 5, au akianguka tena kabla hajazinduka, ni gari na hospitali, usiku huo huo. Asioge peke yake mlango umefungwa, asiachwe kisimani wala na jiko la mkaa.

Na kwa wengine mtakaosoma hapa: mjamzito au aliyejifungua karibuni akianguka kwa mtetemeko, msimsubirishe kwa kisomo, huenda ni kifafa cha mimba na saa moja ni nyingi. Aliyejifungua akianza kuweweseka, kukosa usingizi na kusikia sauti, vivyo hivyo. Mtoto mwenye homa akishikwa na degedege, ndege wa usiku hahusiki, pimeni malaria. Ama yule anayeamka hawezi kusogea, kifua kimekaliwa na kivuli kimesimama, hilo ni jinamizi. Huwapata wazima wengi, huisha kwa dakika, na nyiradi za kulala pamoja na usingizi wa kutosha humfaa.

Shangazi msimfukuze. Mpeni lile daftari alishike yeye, kwa kuwa ndiye aliye macho zaidi humo ndani. Na kama mbuzi ameshanunuliwa, hana kosa: mchinjeni mchana kwa jina la Allah, bila ubani, bila kumtajia ruhani, mle na majirani.